Godoro la Kokoto

Uvumi wenyewe Mama Tahadhari aliupata kwa msusi, kichwa kikiwa kimesukwa nusu, na mtu mwenye kichwa cha nusu hawezi kuinuka akaenda zake. Msusi alisema, huku akivuta unywele kama anayevuta ng'ombe mkaidi, kwamba mtaa wa pili kuna mzee ambaye miguu yake imesahau kutembea. Haiumi, haijavimba. Imesahau tu. Wanawe walimtandikia zulia nyumba nzima, zulia nene la manyoya, mzee akawa hakanyagi tena udongo wala jiwe wala jani, na nyayo zisipoguswa na kitu hulala usingizi. Zikishalala, ule usingizi hupanda. Leo nyayo, kesho magoti, keshokutwa kiuno, mpaka ufike kichwani.

"Na ukishafika kichwani?" aliuliza Mama Tahadhari.

"Ukishafika kichwani," alisema msusi, "wanauza zulia."

Wanawake wote kibarazani wakacheka. Mama Tahadhari hakucheka. Alishika magoti yake mwenyewe, akayaminya kuona kama yako macho.

Jina hilo la Mama Tahadhari walimbandika majirani, naye hakulikataa kwa kuwa aliogopa kugombana. Alikuwa mtu wa kuogopa kwa bidii, kama wengine wanavyolima kwa bidii. Maji aliyachemsha, yakapoa, akayachemsha tena asije akawa ameyasahau mara ya kwanza. Ndani ya nyumba alivaa soksi ili baridi ya sakafu isimpande kifuani. Mwanawe wa pekee, binti wa darasa la kwanza aliyeitwa Kiroboto kwa ajili ya kurukaruka, alienda shule na miavuli miwili, mmoja wa mvua na mmoja wa kumwazima mwenzake asije akamwambukiza mafua.

Sasa, huo uvumi wa zulia ulimkuta ameshafanya la kufanya. Mumewe alikuwa fundi wa magodoro, karakana yake iko ubavuni mwa nyumba, na vipande vya sponji havikuwa na pa kuwekwa. Siku aliposikia kwamba bibi mmoja ameteleza kwenye saruji akavunjika nyonga, Mama Tahadhari hakula wala hakunywa mpaka alipopata sponji za kutosha kutandika chumba cha mama mkwe wake, sebule, na ujia wa kwenda msalani. Pembe za meza alizivika sponji. Kizingiti alikivika sponji. Ukiingia pale unahisi umemezwa na mto. Na kutoka nje alimkataza mama mkwe kabisa, maana nje kuna mawe, kuna utelezi wa bombani, kuna upepo, kuna mbwa wa watu.

Tangu hapo Bibi, ndivyo nyumba nzima ilivyomwita huyo mama mkwe, akapunguza hatua, akapunguza na maneno. Mwisho akakaa kwenye kiti chake cha mikono sebuleni, akawa hainuki ila kwa kushikwa kwapa, na hasemi ila "mh".

Mama Tahadhari alirudi nyumbani na mistari ya nywele iliyokazwa hadi macho yamepanda, akamkuta Bibi palepale. Akapiga magoti, akamtekenya unyayo kwa ncha ya kanga. Bibi akamtazama. Akamtazama kama anavyotazama ukuta.

"Umeshafika kichwani," Mama Tahadhari alijisemea.

*

Kumpenda mama mkwe ni jambo ambalo wake wengi hulisema msibani tu, lakini huyu alimpenda wake akiwa hai, tena kwa sababu yake mwenyewe. Usiku moyo ulipomwenda mbio, akaamka kunusa kama jiko limezimwa, akaenda kulinusa mara ya pili, Bibi alikuwa akimwambia kutoka chumba cha pili, "Lala, mwanangu. Nyumba haiungui leo, imechoka." Basi, akalala. Fundi mumewe angeweza kuyasema maneno hayohayo yasifanye kazi. Kwa Bibi yalikuwa dawa. Tangu Bibi anyamaze, jiko lilinuswa mpaka lenyewe likaona haya.

Na sasa Wifi alikuwa anakuja. Wifi, dada mkubwa wa Fundi, alikuwa msimamizi wa ghala la viatu, mwanamke wa kutembea kama anayeandamwa na mkopo. Fundi aliropoka kwenye simu kwamba mama siku hizi hatembei. Wifi hakugomba. Alisema tu kwamba Jumapili atafika, na kama mama hainuki mwenyewe na kutembea mpaka mlangoni kumpokea, ataondoka naye. Kwake kuna lifti.

"Umemwambia ya nini?" Mama Tahadhari alimuuliza mumewe.

"Aliniuliza mama hajambo. Ningesema nini?"

"Hajambo. Ndilo jibu lake. Watu wote duniani wanajibu hivyo."

Fundi alikuwa mtu mpole, mwenye nyuzi za sponji kwenye nyusi daima. Alikuna kichwa, akapendekeza jambo ambalo mtu yeyote mwenye akili timamu angelipendekeza: kesho asubuhi wamshike mama mkono, wamtoe uani, akanyage chini. Hata kama huo uvumi ni wa kipuuzi, hewa haiui.

Mkewe alimtazama kama amependekeza wamrushe Bibi kutoka darini. Akamhesabia: mawe, utelezi, upepo, mbwa, jua la utosi, kivuli chenye unyevu, mchwa, misumari, na lile tawi la mwembe wa jirani ambalo linaonekana kabisa linangoja mtu. Bibi hawezi kwenda nje. Lakini nyayo zinaitaka nje. Basi nje ndiyo ije ndani.

"Ije vipi?" aliuliza Fundi.

"Wewe si fundi? Ishone."

Hapo mkewe akayaona macho ya Fundi yakianza kupima. Mtu ameshona magodoro ya watu maisha yake yote, yote laini, yote mstatili, hakuna siku hata moja mteja amemwambia nataka godoro la kuumiza. Akachukua futi kamba. Akapima kutoka kiti cha Bibi mpaka mlango wa sebule. Akasema kwa sauti ya chini, kama mtu aliyeitwa kwenye ibada, kwamba linawezekana: godoro jembamba refu, lenye mifuko, kila mfuko na chake. Juu kitambaa chepesi, ili unyayo uhisi kilichomo bila kumwagika. Kokoto. Mchanga wa mtoni. Magunzi ya mahindi. Magome ya mti.

"Aanze na laini," alisema mkewe, "amalizie na kokoto mlangoni. Asishtuke."

"Laini ipi? Sponji?"

"Laini ya porini," alisema Mama Tahadhari. "Nitaitafuta mimi."

*

Alikwenda kuitafuta kwenye kichaka nyuma ya tanuri la matofali, amevaa kama mtu anayekwenda kukamata nyuki: soksi juu ya suruali, suruali chini ya gauni, mikono mirefu, glavu za mpira za kufulia, kilemba mpaka kwenye nyusi. Nyoka angemuuma angevunja meno. Alijaribu majani makavu, yakawa na vumbi. Alijaribu manyasi, akafikiria kupe. Mwisho, kwenye ua uliotambaliwa na mmea fulani, akaona kitu kilichomfanya asimame.

Yalikuwa maganda, kama ya maharage, yananing'inia mafungu mafungu, yamefunikwa vinyweleo vya rangi ya dhahabu iliyofifia. Jua lilipoyapiga yalimetameta. Mke wa fundi wa magodoro anakijua kitambaa. Hiki kilikuwa mahameli, ile ya makochi ya watu wazito, tena inaota yenyewe bure. Alipitisha kidole cha glavu juu yake, akaona jinsi inavyolala upande mmoja na kuamka upande mwingine. Alikuwa mtoto wa mjini. Pori kwake lilikuwa mahali pa kupita ndani ya gari madirisha yamefungwa. Akajaza mfuko.

Kama angevua glavu, hata moja, hadithi hii ingeishia hapo kichakani. Lakini alikuwa mwangalifu. Uangalifu ndio uliomponza.

Jumapili asubuhi Fundi alikuwa ameshamaliza kushona, umebaki mfuko wa mwisho tu, akaondoka na Kiroboto kwenda kumpokea Wifi kituoni. Mama Tahadhari, na glavu zake, na soksi zake, akaujaza ule mfuko kwa maganda ya mahameli, akayasagasaga kidogo yalale vizuri, akaliburuta godoro zima mpaka mahali pake: kokoto mlangoni, mahameli miguuni pa Bibi.

Bibi akainama kidogo kutazama. Macho yakamtoka. Akainua miguu yote miwili kwa mpigo mmoja, akaikunja juu ya kiti, magoti kidevuni, kama kuku aliyeona maji yanaingia bandani.

"Hiyo," alisema Bibi. Lilikuwa neno lake la kwanza kwa muda mrefu, likatoka na kutu.

"Pole pole, mama," alisema Mama Tahadhari, machozi yakimlengalenga kwa furaha. "Usijichoshe."

"Mwanangu, hiyo ni..."

"Najua, mama. Ni laini. Usijichoshe, tunza pumzi yako. Ukanyage tu."

Bibi alimtazama. Kisha akafunga mdomo, akaikumbatia miguu yake, akatulia juu ya kiti kusubiri yatakayotokea. Mama Tahadhari aliiona ile miguu iliyokunjwa, furaha yote ikamwishia. Usingizi ulikuwa umehama kichwani ukashika magoti. Tena kabla ya chai.

*

Wifi aliingia bila kubisha, kama mtu aliyekuja kukagua ghala. Alivua viatu mlangoni, viatu vyembamba vya ncha ambavyo vilikuwa vimeyabana vidole vyake mpaka vimepandana, akabaki na soksi nyepesi za kike. Akaona njia iliyotandikwa mbele yake. Akauliza ni nini hii. Fundi, aliyekuwa nyuma na mfuko wa machungwa, akamwambia kwa unyenyekevu wa msanii kwamba akanyage tu, ataona.

Akakanyaga. Kwenye kokoto alisema "ss". Kwenye magome alisema "mh". Kwenye magunzi alinyanyua mikono kama anayevuka mto. Kwenye mchanga akapunguza mwendo, na hapo uso wake ukalegea kidogo, kidogo tu, kama mtu aliyesikia jina la utotoni likiitwa mbali. Kisha akamwona mama yake amekunjamana juu ya kiti, mkono mmoja ameuinua kumzuia asisogee.

Wifi akadhani anasalimiwa. Akaharakisha. Akafika miguuni pa mama yake, akapiga magoti palepale juu ya mahameli, akaweka viganja viwili chini, akainamisha kichwa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba," alisema Bibi kwa masikitiko.

Kiroboto akaja anaruka nyuma ya shangazi yake, kokoto, magome, magunzi, mchanga, akatua kwenye mfuko wa mwisho kwa miguu miwili, puu. Fundi naye akachuchumaa akaupigapiga ule mfuko kwa kiganja, kama anavyopigapiga kila godoro mbele ya mteja, akimwonyesha dada yake mshono ulivyokaa.

Wifi alikuwa hasikilizi. Alikuwa ameanza kusema. Alisema amekuja akakuta mama yake amekunjwa kama nguo, halafu nyumba imejaa takataka za shambani, halafu anaonyeshwa mshono. Alisema wao ni watoto wawili tu, na mmoja akishindwa kulea, mwingine yupo. Alikuwa anayasema haya huku anajikuna goti. Akahamia kifundo cha mguu. Akajipangusa shingo kwa kiganja, kisha akaikuna shingo.

"Nyumba hii," alisema polepole, akimtazama Mama Tahadhari usoni, "ina kunguni?"

Mama Tahadhari alitamani sakafu ipasuke, ingawa hata hiyo sakafu alikuwa ameifunika. Aliapa kwamba magodoro yote huanikwa, kwamba yeye mwenyewe hukagua pindo kwa tochi. Akamshika wifi yake mikono kumbembeleza. Kiroboto akaanza kupiga yowe na kurukia mguu mmoja, halafu wa pili, safari hii si kwa mchezo. Fundi alisimama akijikuna kiganja kwenye fremu ya mlango. Wifi alisema kunguni wa mchana hajawahi kuona, hawa wamesoma. Mama Tahadhari, ambaye viganja vya wifi yake vilikuwa vimempa kitu kwenye mikono mitupu, maana glavu alikuwa amezivua kwa heshima ya mgeni, alihisi kama sisimizi elfu wamefanya mkutano kwenye viwiko. Akakimbilia ndoo ya maji.

"Weka ndoo chini!"

Wote wakageuka. Ilikuwa sauti ya Bibi, nzima, haina hata doa la usingizi.

"Msijikune. Mkikuna mnaupeleka. Na maji msimwage. Huo ni upupu."

Mikono yote ikaganda hewani, mikono ya watu wanaojizuia kujikuna. Fundi akamgeukia mkewe taratibu.

"Ulitia upupu kwenye godoro langu?"

"Nilijua ni mahameli," alisema Mama Tahadhari.

"Nami nilitaka kumwambia," alisema Bibi, "akaniambia nisijichoshe."

Kisha akatoa amri, mojamoja, kama zamani. Lile godoro likunjwe kwa fimbo, lisiguswe kwa mkono. Na hayo masponji yote yang'olewe, hapo hapo, kuanzia kwenye kiti chake mpaka mlangoni. Fundi aliuliza, huku anacheza bila ngoma, kama hilo la sponji haliwezi kusubiri.

"Mnataka dawa au hamtaki? Dawa iko nje. Mimi ndiye ninayeijua. Sasa nipeni sakafu."

Wakang'oa. Fundi alivuta kwa mkono mmoja, mwingine anautia kwapani usijikune. Wifi, msimamizi wa ghala, alivuta vipande na kuvirusha dirishani kama mtu anayeokoa mali kwenye moto. Saruji ikatokea, kijivu, yenye ule ufa wake wa siku zote kama mto kwenye ramani. Bibi akateremsha mguu mmoja. Akausimamisha pale, akangoja, kama anayesikiliza. Akateremsha wa pili.

"Kumbe bado upo," aliiambia sakafu.

Akainuka. Hakushikwa kwapa. Alishika ukuta, akautelezesha mkono juu ya plasta iliyokwaruza, na miguu ikafuata mkono, hatua fupi, halafu hatua za wastani. Mama Tahadhari alitaka kupiga kelele kwamba mbele kuna kizingiti. Lakini mdomo wake ulikuwa umebana pindo la kanga, akishindana na mwasho, kwa hiyo kwa mara ya kwanza tangu aolewe hakumwonya mtu. Alifumba macho. Alipofumbua, Bibi alikuwa uani.

*

Pembeni ya bomba palikuwa na tope, lile lile tope ambalo Mama Tahadhari alikuwa amelizungushia kamba. Bibi akaivuka kamba. Akaingiza mguu, tope likapanda katikati ya vidole, akatoa pumzi ndefu kama sufuria iliyofunuliwa. Akaagiza: kila mtu ajipake, nene, palipowasha na palipo jirani, kisha akae juani asitikisike. Tope likikauka, litaushika ule unyoya. Ukilibandua, linatoka nao. Ukijitingisha kabla, umejitafutia.

Mchezea tope humrukia, lakini hawa hata kungoja kurukiwa hawakungoja. Walijipaka. Wifi aliingiza mikono mpaka viwikoni, soksi zake nyepesi akazitupa juu ya kamba ya Mama Tahadhari, akapaka shingo, akapaka magoti. Kiroboto alipakwa mpaka akabaki macho. Mama Tahadhari alivua soksi zake. Nyayo zake zilikuwa nyeupe na zenye mikunjo, kama za mtu aliyetolewa majini. Na zilipogusa udongo zilijikunja zenyewe kwa aibu.

Basi wakaketi, mstari mmoja, juu ya mawe ya kufulia, wanakauka. Huwezi kugombana ukiwa unakauka. Shavu likisogea, tope linapasuka. Jua lilikuwa la asubuhi, linapasha mgongo bila kuuchoma. Lile jiwe alilokalia Mama Tahadhari lilikuwa na uvuguvugu wa mkate. Upepo ulipita, ukampoza palipo na majimaji na kumwacha palipokauka, akawa anaihisi ngozi yake kipande kipande, kama nguo anayoijaribu dukani. Tawi la jirani lilichezacheza. Alilitazama akingoja lianguke. Halikuanguka. Akasahau kulitazama, na ni baadaye tu alipotambua kwamba moyo wake, kwa muda fulani usiojulikana, haukuwa umekimbilia popote.

"Mama," alisema Wifi, akifungua midomo kidogo tu kama mtu aliyeshika sindano kwa meno. "Miguu ilikuwa na nini?"

"Haikuwa na kitu. Sakafu ndiyo iliyokuwa na kitu. Mimi nikikanyaga nataka chini inijibu. Lile sponji unakanyaga, linadidimia, hujui chini iko wapi. Kila hatua unaanguka kidogo. Mtu gani ataendelea kuanguka siku nzima kwa hiari yake? Nikakaa."

"Na kunyamaza je?"

Bibi alisema zamani akitoka uani asubuhi alikuwa na la kurudi nalo: umande leo ni mzito, jiwe limelala na baridi, upepo umegeuka, kuku wa jirani ana wivu. Ndani ya sponji hakuna habari. Leo ni kama jana, laini. "Sasa ningewaambia nini? Kwamba bado ni laini?"

Fundi akacheka, tope la mashavu likadondoka. Bibi akamwamuru ajipake upya.

Wifi hakucheka. Alimgeukia Mama Tahadhari kwa shingo nzima, kama mlango. Alisema alichokuja kukisema hajakisema. Alisema mtu amemfungia mama yake ndani ya mto, kisha akamwekea upupu miguuni, na bado anaitwa mlezi. Machozi yalimtoka Mama Tahadhari yakachimba mifereji miwili kwenye tope, akasema tu kwamba aliogopa ataanguka.

"Nilikuja kukuchukua, mama," alisema Wifi.

"Kwako chini kuna nini?"

"Vigae. Visafi, vinang'aa."

"Na udongo?"

Wifi alitafuta. "Kuna chungu cha maua. Kwenye baraza."

"Nitaingia mguu mmoja mmoja?"

Wifi alitazama chini, kwenye vidole vyake mwenyewe, vilivyozoea kupandana ndani ya viatu vya ncha. Kwenye tope vilikuwa vimeachana, kila kimoja na nafasi yake, kama watoto waliotolewa darasani. Akavichezesha. Aliendelea kuvichezesha mpaka tope la paji la uso wake likaanza kupasuka lenyewe.

"Mwanangu," Bibi alimwambia Wifi, lakini mkono wake uliopakwa tope aliuweka juu ya goti la mkwe, "huyu kanitandikia nyumba nzima nisianguke. Wangapi wanatandikiwa? Kosa lake ni moja. Hakuniuliza. Na nilipomjibu bila kuulizwa, akaniambia nisijichoshe. Atajifunza. Mimi siendi kwenye chungu."

"Basi nitakaa siku mbili nione," alisema Wifi. Kisha akamwambia Fundi, kwa sauti ambayo haikuwa ya ghala: "Kile kipande cha mchanga, kwenye godoro. Unaweza kunishonea hicho peke yake?"

Hapo ndipo msusi alipochungulia juu ya ua, kama anavyochungulia kila mahali, akaona watu watano wa udongo wamekaa mstari. Alishika mdomo. Aliuliza kama ni msiba au ni dawa.

"Dawa," alisema Bibi.

Mama Tahadhari, akiwa bado na mifereji yake miwili usoni, aliona ni vyema amalize jambo moja. Alimuuliza msusi, yule mzee wa mtaa wa pili, wa zulia, anaendeleaje. Usingizi ulifika kichwani?

"Ah, sijui, mwenyewe simjui," alisema msusi. "Mimi niliambiwa na muuza mkaa. Alimwona kwa macho yake kupitia dirishani, mzee wa watu amekaa katikati ya kitu laini, kaduwaa. Kwake yeye hapa ndipo mtaa wa pili, maana anakaa kule chini. Nasikia ni nyumba ya fundi wa... wa..."

Alilitazama dirisha la sebule, na sponji zilizorundikana chini yake. Akamtazama Fundi. Kisha akasema ana mteja wa kichwa nusu anamsubiri, akatoweka nyuma ya ua.

*

Kufikia jioni mtaa mzima ulikuwa na habari kwamba kwa fundi magodoro kuna tope linalonyanyua wazee. Kesho yake alfajiri palikuwa na mtu mlangoni na babu yake kwenye toroli, anauliza foleni inaanzia wapi. Bibi alitoka peke yake, peku, akamtazama yule babu, akamvua soksi, akamwambia akanyage umande kwanza, kisha waongee habari za kuku.

Mama Tahadhari bado anaogopa. Tabia haibanduki kama tope. Jiko bado analinusa. Lakini siku hizi moyo ukimwenda mbio hutoka uani akakaa juu ya lile jiwe la kufulia, akakanyaga chini, mpaka chini imjibu. Na kwa kuwa wako wengi wanaolea wazee kwa hofu kuliko kwa maswali, haya ndiyo ya kuepuka:

Usitandike sponji mahali pa kutembea. Ni ya kulalia.

Usivae glavu unapochuma usichokijua. Au vaa, lakini muulize anayekijua kabla hujakiingiza ndani.

Kitu cha porini kinachong'aa kama kitambaa, kiache huko huko.

Ukiwashwa na upupu usikune, usimwage maji, na usimshike wifi yako mikono.

Usipige magoti kabla ya kutazama unapopigia.

Usifunge mawe na jua na upepo nje ya mlango kama wezi. Toa mtu nje kila siku, hata kama ni mpaka bombani tu.

Usiusikilize uvumi ukiwa umesukwa nusu. Na ukiusikia, kabla ya kuogopa, uliza ni nyumba gani. Huenda ni yako.

Na mzee akianza kusema "hiyo", usimwambie asijichoshe. Nyamaza, amalize.